Bei ya Mshahara

Lori la shamba lilipinduka karibu na Chepseon, wakati wa mvua za masika, likipeleka majani ya chai kwenye stesheni ya Kipkelion. Dereva alivunjika mkono. Wapakiaji wawili waliokuwa wamekaa juu ya masanduku walikufa palepale. Mmoja alikuwa mtu wa kwetu, wa upande wa ziwa, mwenye mke na watoto kambini. Mwenzake alikuwa kijana Mkipsigis kutoka Kapsoit, hajaoa.

Mimi nilikuwa karani wa ofisi na mkalimani. Miaka ile hatukujua sheria yoyote ya fidia kwa watu kama sisi. Bwana meneja aliamua mwenyewe. Akaniita nimsomee mishahara ya marehemu, akazidisha kwa miezi aliyoona inatosha, akakata gharama ya sanda na mbao za majeneza. Kazi ile ilimalizika kabla chai yake haijapoa.

Kesho yake jamaa walikuja ofisini. Mjane alikaa sakafuni na mtoto mgongoni. Wazazi wa kijana walisimama mlangoni, mzee amevaa koti kuukuu la jeshi, mama ameshika tama. Meneja alisukuma pesa za mjane ukingoni mwa meza, kisha akawatazama wale wawili.

"Huyu hapana na bibi," aliniambia. "Hapana na toto. Mimi nitalipa nani?"

Nilikuwa nimeishi na Wakipsigis vya kutosha kuijua lugha yao. Nikatafuta namna ya kuyalainisha maneno yale, nisiipate. Nikayasema yalivyo.

Mzee hakupandisha sauti. "Mwambie kwamba mwanangu ndiye aliyekuwa anajenga nyumba yetu. Mwambie mke alikuwa ameshaposwa. Watoto anaowauliza ndio hao waliokufa naye."

Nikatafsiri. Meneja akatikisa kichwa, akanielekeza nimshike mjane kidole, atie wino kwenye hati ya kupokea pesa, mambo yaishe.

Mjane akaficha mkono ndani ya kanga.

"Shemeji," aliniambia kwa lugha yetu, "wale wazee wanalia nini?"

Nikamweleza. Akamtazama yule mama muda mrefu. Hawakuwahi kusalimiana maishani, hata lugha hawakuelewana.

"Walikaa pamoja kwenye lori," akasema. "Mwambie Mzungu sitii kidole mpaka awape na wao kitu."

"Shemeji, una watoto. Akikasirika utakosa yote."

"Mwambie."

Nikamwambia. Meneja alipigwa na bumbuwazi kwanza, kisha uso ukawa mwekundu. Akatoka nje kwenye veranda, tukamsikia akitembea huku na huku. Mtoto mgongoni akaanza kulia. Nilikuwa na hakika kwamba kazi yangu imekwisha siku ile.

Aliporudi alikuwa ametulia, hata kachoka. Akasema pesa ya shamba haitoki kwa mtu asiye na familia, hilo halibadiliki. Lakini zizini kwake kulikuwa na mtamba wake mwenyewe. Wamchukue.

Mzee alisikiliza tafsiri yangu, akafikiri. "Haifiki," alisema. "Kwetu mtu hafidiwi na ng'ombe mmoja. Lakini tutamchukua."

Ndipo mjane akatoa mkono. Yule mama wa Kapsoit akapiga magoti kando yake, akamshikia mtoto huku kidole kikitiwa wino.

Wiki iliyofuata nilimsindikiza mjane hadi Kipkelion kupanda treni arudi kwao. Tulikaa kwenye benchi la stesheni, watoto wakichungulia reli. Akaniuliza Mzungu aliipataje hesabu yake. Nikamweleza juu ya mshahara na miezi.

"Kwa hiyo mume wangu angekuwa nyapara, ningelipwa zaidi?"

"Zaidi."

"Na angekuwa dereva?"

"Zaidi pia, shemeji."

Akamfunga mtoto vizuri mgongoni. "Na mimi," akasema, "ningelia sawa tu."

Treni ilipofika nilimpitishia watoto dirishani mmoja mmoja, kisha mzigo wa vyombo. Watoto wakubwa wakanipungia mkono. Yeye alikuwa ameshageuka, anawatafutia watoto mahali pa kukaa.