Mgeni Rasmi wa Wodi ya Wazazi

Nilipokuwa daktari msimamizi wa hospitali, adui yangu mkubwa hakuwa malaria. Alikuwa mgeni rasmi. Tulijengewa chumba cha upasuaji, taa zikawaka, mashine zikaletwa, halafu mlango ukatiwa kufuli miezi miwili tukimngoja mheshimiwa fulani aje akate utepe. Wagonjwa wakawa wanapelekwa Mombasa, wanangoja feri Likoni huku wameshika matumbo. Mheshimiwa huyo nilimtukana kwa Kiswahili, na Kiswahili kiliponiishia nikaendelea kwa Kidigo. Muuguzi mkuu wa wodi ya wazazi, mama mtu mzima aliyenifundisha kumpokea mtoto nilipokuwa daktari mwanafunzi nisiyejua hili wala lile, alinimiminia chai akasema, "Basi gombea wewe, mwanangu, utufungulie milango."

Nikagombea. Kwenye mikutano hakuna aliyeniuliza sera. Watu walipandisha mashati wakanionyesha vipele. Nilipima presha kutoka Ukunda hadi Lunga Lunga, nikaandika dawa nyuma ya karatasi zenye picha yangu mwenyewe, nikashinda. Siku hizi shati langu lina mtu wa kulipiga pasi na simu yangu ina mtu wa kuipokea.

Juzi juzi wodi mpya ya wazazi ilikamilika kwenye zahanati moja ya ndani, na muuguzi wangu yule yule ndiye aliyekuwa amehamishiwa huko. Aliniomba niruhusu ianze kazi: chumba cha zamani kilikuwa kinavuja, na akina mama walilala wawili wawili kitanda kimoja. Nikamwambia asiwe na wasiwasi, Jumanne nitakuja kuifungua mwenyewe. Jumanne nikawa na mazishi Samburu. Jumanne ya pili chama kikaniita Nairobi. Ya tatu, nisiseme uongo, nilikuwa Diani nikipunga upepo hotelini, kwa sababu mpiga picha wangu alikuwa na harusi. Kufungua wodi bila picha? Nani angejua kwamba nimeifungua?

Jumanne ya nne nikafika. Hema, viti vya plastiki, ngoma ya sengenya, pilau inanukia hadi barabarani. Utepe mwekundu ulikuwa mlangoni na kufuli mahali pake. Mara, ndani ya wodi hiyo hiyo iliyofungwa, akalia mtoto mchanga.

Msaidizi wangu alizunguka nyuma akarudi anatweta. Mlango wa uani ulikuwa umevunjwa kitasa, na vitanda vyote vilikuwa na watu. "Mheshimiwa, huyu muuguzi afukuzwe kazi leo hii!"

Muuguzi akatoka, aproni imelowa.

"Shikamoo, mama," nikasema.

"Marahaba, mheshimiwa."

Miaka yote alikuwa akiniita mwanangu. Hilo "mheshimiwa" liliniuma kuliko kura zote nilizowahi kunyimwa.

"Ni wewe uliyevunja mlango?"

"Ni mimi. Alfajiri ameletwa mama anavuja damu, na kule chumba cha zamani maji yamejaa sakafuni. Ningekungoja wewe?"

Nilimwambia msaidizi afunge mdomo. Niliona haya, haya ya kweli, mbele ya hema zima. Mpiga picha alikuwa ameshajipanga. Muuguzi akachukua sinia yenye kitambaa cheupe, akanisogezea mkasi.

"Wote wawili wazima, alhamdulillahi. Kitovu tumeshakikata," akasema. "Sasa nawe kata utepe wako, watu wale pilau."