Leseni Iliyokufa kwa Saa ya Nakonde

Mpaka leo nikiona maandishi mekundu kwenye simu, mkono unanienda kifuani wenyewe. Hata kama ni tangazo la sabuni.

Mimi ni mtu wa nyumbani. Sijisifu, ni uvivu wa miguu tu. Niliposikia kwamba ukiwa na cheti cha kidato cha nne, ukasoma kozi ya bima na kufaulu mtihani, serikali inakupa leseni ya kuuza bima, sikuuliza nitapata nini. Niliuliza, "Hata barazani kwangu?" Wakaniambia hata barazani, mradi pana mtandao. Nikasoma kama ninayekimbizwa na mbwa. Leseni ilipotoka niliitia kwenye fremu, nikaitundika juu ya kochi, nikatoa meza barazani, nikawa wakala. Foleni ya malori yanayosubiri kuvuka mpaka hufika karibu na mtaa wetu, kwa hiyo wateja walinifuata wenyewe. Madereva wa Zambia waliniita bamayo, yaani mama kwa lugha yao, wa kwetu waliniita dada bima, na siku nyingine nilifanya kazi kutwa bila kuvaa viatu.

Swali langu la kwanza kwa mteja lilikuwa hilohilo kila siku: "Saa ya wapi?" Tunduma ni mji wa saa mbili. Wenzetu wa Nakonde, hatua chache ng'ambo ya mpaka, wako nyuma yetu kwa saa nzima, na simu zetu hazina uaminifu. Ukisogea kidogo tu simu inashika mnara wa Zambia, na saa yake inarudi nyuma bila kukuaga. Wageni wanakosa mabasi kila siku kwa ajili hiyo, na sisi wenyeji tunawacheka. Sasa bima ina dakika yake ya kuanza na dakika yake ya kufa, kwa hiyo mimi nilikuwa mkali. Jirani yangu mwenye bajaji ndiye aliyepata mahubiri kuliko wote, maana hukumbuka bima siku inayoisha.

"Ikiisha saa sita usiku," nilikuwa namwambia, "saa sita na dakika moja uko uchi barabarani."

"Dada bima, mbona unapenda sana kunivua nguo?"

Leseni nayo ina mwisho wake. Hilo nililijua. Unajaza fomu kwenye mfumo, unaambatanisha cheti na barua ya kampuni unayoiuzia, unatuma kabla haijaisha. Mwaka jana bwana mmoja wa tawi letu la Mbeya alinipigia mapema kabisa. "Mwisho Ijumaa saa kumi kamili jioni. Ukipitisha hapo imekufa, unaanza upya, kozi na mtihani." Jumatano akanipigia tena. Nikamwambia, "Kaka, mimi ndiye ninayewahimiza watu. Unamhubiria mchungaji?"

Kila kitu nilikuwa nacho. Ningeweza kutuma Jumanne. Lakini nilitaka kuifanya nikiwa nimekaa vizuri, na Ijumaa ndiyo niliyoiona nzuri. Nikahama barazani, nikaenda kukaa kitandani kando ya dirisha, ambako mtandao una nguvu. Sikujiuliza una nguvu ya nani.

Nilimaliza kujaza simu ikisema saa tisa kasoro dakika kumi. Kilichobaki ni kubonyeza "tuma". Jikoni viazi vilikuwa vimeiva. Nikaona nile kwanza, nisije nikakosea kubonyeza kwa njaa.

Mama akapita sebuleni amejifunga kitenge, kitabu cha nyimbo kwapani.

"Unakwenda wapi saa hizi?"

"Kwaya. Nimechelewa."

"Kwaya si saa kumi? Au siku hizi unakwenda kuwafagilia?"

Akasimama mlangoni, akatazama jua, akanitazama mimi. "Haya, mwanangu. Wewe ndiye uliyesoma."

Nilicheka. Nikala viazi, nikaongeza na vingine. Nikarudi dirishani. Saa tisa na dakika kumi. Nikabonyeza.

*Muda wa kuwasilisha maombi umekwisha.*

Nilidhani simu ni mbovu. Nikabonyeza tena. Maandishi mekundu yaleyale. Nikatoka barazani kutafuta mtandao mwingine, nimeinua simu juu kama taa, na pale mlangoni, mbele ya macho yangu, tarakimu zikabadilika. Saa tisa ikawa saa kumi. Nilikaa chini sakafuni palepale, kiazi kimoja bado mkononi. Mzaliwa wa Tunduma! Mwenye kuuliza watu saa ya wapi!

Nikampigia bwana wa Mbeya. Akasema tu, "Pole, dada." Ingekuwa afadhali anitukane.

Jioni hiyo bajaji ikasimama mbele ya baraza. Kwa mara ya kwanza tangu nimjue, jirani alikuwa amekuja mapema.

"Nikatie bima, dada. Yangu inaisha kesho. Umeona nilivyobadilika?"

"Siwezi. Sina leseni."

"Si ile pale ukutani?"

"Imekufa leo saa kumi."

Nikamsimulia. Alicheka mpaka akashika usukani. "Kwa hiyo dada bima, sasa hivi hapo ulipokaa, uko uchi?"

"Niko uchi."

Alipoona sicheki akapunguza sauti. "Basi niandikie tu karatasi. Askari wa hapa wote wananijua."

Nikamwambia aende kwa wakala wa stendi, tena aende kabla hawajafunga. Nikaitazama bajaji ikiondoka na mteja wangu, kisha nikaingia ndani nikaigeuza fremu, uso ukutani.

Kozi nikaianza upya, nimekaa na vijana waliokuwa wakiniamkia shikamoo mama. Siku ya mtihani jirani alinipeleka stendi kabla ya jua. Nilifika Mbeya mapema kiasi kwamba mlinzi aliniuliza kama nimekuja kufanya usafi. Mtihani ulikuwa saa tatu. Nilimuuliza saa yake, nikamuuliza na muuza chai, nikamuuliza na mtu aliyekuwa akipita zake.

Nilifaulu. Leseni mpya imeingia kwenye fremu ileile, na kando yake nimetundika saa ya ukutani, ya betri, isiyojua habari za minara. Mteja wa kwanza alikuwa jirani, bima yake inaisha siku hiyohiyo, tabia imemrudia.

"Inaanza saa nane na robo," nikamwambia, natazama ukutani.

"Saa ya wapi?"

"Ya kwetu."

"Una hakika?"

Nilikuwa na hakika. Hata hivyo nikageukia jikoni. "Mama! Saa ngapi?"