Taa Zangu za Ukungu Mbele ya Mama Mkwe

Jamani, nicheke tu. Fundi wa Nakuru nilimkataa, nikafunga taa mbili za ukungu kwenye gari langu mwenyewe. Waya zake niliziunga na waya mmoja wa umeme nilioukuta chini ya dashibodi. Kwa kuwa uwanja wetu una mteremko, nilikanyaga breki nikabonyeza swichi. Zikawaka! Siku nzima nilijiita injinia.

Jumapili asubuhi tukampeleka mama mkwe nyumbani Molo. Kwetu mkwe na mkwe hawasemezani, kwa hivyo alikaa nyuma kimya, amejitanda leso, mke wangu mbele. Ukungu ulipotufunika nilimwambia mke wangu, kwa sauti ya kufika nyuma, kwamba mimi siuogopi hata kidogo.

Taa zikawaka kwenye kona, zikazimika. Ng'ombe akatokea, zikawaka tena. Nikasema zinapumzika, ndivyo zilivyoundwa.

Kisha daraja likatokea ghafla. Sauti ya upole ikasema nyuma yangu: "Mwanangu, muulize bwana yako, mbona taa zake zinawaka akiogopa tu?"

Nikatazama chini. Mguu wangu ulikuwa umekanyaga breki kwa nguvu zote, na mbele yetu taa zilikuwa zinawaka vizuri ajabu.