Elfu Iliyomo Ndani ya Kilo

Jina lake la kuzaliwa lilikuwa refu na zuri, lakini hakuna aliyelitumia. Alipoanza kazi ya kukagua mizani walimwita Fundi wa Kilo. Baadaye wakaona "fundi" inawachosha midomo, wakabaki na Kilo, na jina likamganda. Mgeni akisikia "kamwite Kilo" hutarajia kuona pande la mtu, kisha anatokea huyo, mwembamba kama uzi, mkanda wa suruali umetobolewa matundu ya ziada. Watu hucheka. Naye hucheka pamoja nao, maana alikwishazoea, na maana moyoni jina hilo alilipenda kuliko lile la kuzaliwa.

Alilipenda kwa sababu alijua lilikotoka. Katika chuo cha vipimo, mwalimu mmoja mwenye kikohozi aliandika "kilo" ubaoni, akasema ni neno la Wagiriki wa kale na maana yake ni elfu, basi. Si uzito, si urefu. Elfu tu. Libandike mbele ya gramu, una gramu elfu. Mbele ya mita, una mita elfu. Mbele ya wati, hivyo hivyo. Wenzake waliandika, wakafunga madaftari, wakaenda kula. Kilo alibaki ameukodolea macho ubao. Tangu utoto alikuwa akitumwa dukani kuleta kilo ya sukari, na hakuna aliyewahi kumwambia kwamba alikuwa anatumwa kuleta elfu.

Tangu hapo akawa mtu wa kuota mchana. Aliona kwamba dunia nzima inalikatakata neno hilo. Watu wa sokoni wameitupa gramu, wamebaki na kilo. Mkwewe, dereva wa lori, ameitupa mita. Akipiga simu njiani husema "bado kilo ishirini, Baba," na nyumbani wanajua haongelei mzigo. Vijana nao wamekata mpaka wamebakiza herufi ya kwanza, K, wanaipachika nyuma ya tarakimu kwenye simu zao, na wala hawajui kwamba wameshika kipande cha neno la watu waliokufa zamani. Kilo akikaa karakanani na kikombe chake, mvuke wa chai ukimpanda usoni, aliwaona wale waliotupwa. Gramu, elfu nzima kwa kila kilo, zimetoka nje ya maduka, zimejipanga kando ya barabara, ndogo ndogo, zimenyamaza, zinangoja mtu azitaje. Mkewe akimkuta hivyo humpigia makofi mbele ya uso.

"Umeshaondoka tena? Rudi, chai inapoa."

Kazini, hata hivyo, hakuota. Alikuwa na sanduku la mbao lenye mawe ya mizani, ambayo huitwa mawe ingawa ni ya shaba, kila moja limelala katika shimo lake la kitambaa laini. Hakuyagusa kwa vidole, kwa kuwa jasho la kidole nalo lina uzito. Aliyashika kwa kibano na kitambaa kama mtu anayemwamsha mtoto, akayaweka juu ya mizani, akajizuia kupumua. Wenye maduka walimchukia kwa adabu. Walijaribu chai, walijaribu undugu, walijaribu machozi, na mizani iliyokosea ikafungwa vilevile. Hata duka la kaka yake mwenyewe alilifunga, na mwaka ule sikukuu walikula kila mtu kwake.

Sasa binti yake wa pekee alijifungua kabla ya siku. Mtoto, wa kike, aliingizwa kwenye wodi ya watoto njiti, yaani waliozaliwa kabla ya wakati, chumba chenye joto na mwanga hafifu ambamo akina mama hukaa na watoto wao kifuani, ngozi kwa ngozi, wakisinzia na kuamka. Babu hakuruhusiwa kuingia. Alisimama nje ya kioo asubuhi na jioni, pumzi yake ikichora ukungu, akifuta, ikichora tena. Kwa ndani kila kitu kilikwenda taratibu kama chini ya maji.

Wodi ile ilikuwa na desturi yake. Watoto walikuwa hawajapewa majina, wengine kwa hofu, wengine kwa kuwa baba yuko safarini, basi waliitwa kwa kilo zao. Palikuwa na Mama Kilo na Mia Mbili. Palikuwa na Mama Kilo na Nusu, aliyefupishwa akawa Mama Nusu. Mtoto akiongezeka, mama anapanda cheo, na wenzake wanamtania kwamba sasa ataanza kujisikia. Cheo cha juu kilikuwa Mama Mbili. Chini ya kilo mbili, alieleza sista wa wodi, mwili wa mtoto bado hauwezi kujitunzia joto. Ukifika mbili, unakwenda nyumbani.

Binti alikuwa amechoka hadi kwenye mifupa. Alikuwa amelala kwenye kiti kwa muda mrefu hata akasahau kulala chali kukoje. Kisha wiki hiyo mambo yakabadilika ghafla. Alimpigia baba yake simu akicheka na kulia.

"Baba, ameongeza gramu tisini tangu jana! Hata wenzake, wote wameongezeka. Sista anasema ni wiki ya baraka."

"Wote?" aliuliza Kilo.

"Wote! Hebu furahi na wewe."

Akafurahi. Siku chache baadaye, asubuhi, mizani ilisoma kilo mbili na gramu kumi, wodi nzima ikapiga vigelegele vya chinichini ili watoto wasishtuke, na binti akawa Mama Mbili.

Kilo alikwenda kuwachukua moja kwa moja kutoka kazini, sanduku mkononi. Aliwakuta kwenye chumba kidogo cha kupimia, kando ya wodi. Begi limefungwa. Binti amesuka nywele, sijui saa ngapi. Sista alikuwa amekwenda kumtafuta daktari atie sahihi.

"Mshike, Baba. Niwaage wenzangu."

Ilikuwa mara ya kwanza. Binti akampakatisha mjukuu, na blanketi lake, na kofia yake, na soksi mbili zinazomvuka magoti. Kilo alitazama uso ule mdogo, kope zimefumba, mdomo unanyonya hewa. Akataka kulia kwa furaha, na angelia, lakini mikono yake ikamwambia kitu.

Ikamwambia: hizi si mbili.

Alijikemea. Mikono ya babu, alijiambia, inatetemeka, inajua nini? Lakini mikono ile ilikuwa imebeba mawe ya kilo maisha yake yote ya kazi, na haikuwa na tabia ya kupiga porojo. Ukilitoa blanketi zito lile, mtoto huyu alipaswa kubaki mbili na ushee. Hata mbili hakuzifikia. Binti aliporudi akamchukua mtoto, akatoka naye tena ili akina mama wambusu wote kwa zamu. Kilo akabaki na mizani, wamekodoleana.

Ilikuwa nyeupe, safi, bila mtoto inasoma sufuri, haina neno. Alifungua sanduku. Akaweka jiwe la kilo moja katikati, akajizuia kupumua. Mizani ikasoma moja na gramu thelathini na tano. Akaweka la pili. Mbili na sabini. Akayahamisha pembeni, akayarudisha kati. Mbili na sabini.

Akakaa kwenye kiti. Hapo, ndugu msomaji, ndipo mtu huyu aliyefunga duka la kaka yake alipopatikana. Hakunyanyuka. Alisikia akina mama wakicheka na binti yake upande wa pili wa mlango. Aliwaza mkewe nyumbani, amepasha chumba joto, amefua pazia ambalo halikuwa chafu. Gramu sabini ni nini? Ni yai kubwa. Ni kitasa cha mlango wa kabati. Kwenye gunia hata hazionekani, na watu walikwishazikata zamani kwenye neno lenyewe, hakuna anayezitaja. Akafumba macho, na mara akaziona. Zilikuwa zimekaa chini kwenye ukumbi wa hospitali, sabini, zimeegemea ukuta, miguu haifiki sakafuni ijapokuwa zimekaa sakafuni, kama mambo ya ndotoni yalivyo. Hazikumlaumu. Zilimtazama tu, na kila moja ilikuwa na kofia ya sufu. Aliogopa. Alitaka kufunga sanduku, kushika begi la binti yake, na kwenda.

Kupitia mlangoni akasikia muuguzi akipiga hesabu ya dawa ya mtoto mwingine, kwa sauti ya chini. Kilo na nusu, kwa kila kilo matone kadhaa, kwa hiyo...

Kilo akasimama.

Sista alirudi na karatasi yenye sahihi, akamkuta mzee na mawe yake juu ya mizani. Alimsikiliza hadi mwisho. Hakubisha wala hakujitetea. Aliyatazama mawe, akaitazama tarakimu, akasema, "Ilianguka tulipokuwa tunapiga deki. Ikawaka vizuri, tukamshukuru Mungu." Papo hapo akaagiza mizani ya wodi ya wazazi, akamzuia muuguzi wa dawa, akamtuma mtu awapigie simu wazazi wa watoto wawili walioruhusiwa wiki hiyo. Kisha akamchukua mtoto wa binti, akamvua nguo, akamweka juu ya mizani iliyoletwa.

Kilo moja na mia tisa na arobaini.

Karatasi yenye sahihi sista aliikunja, akaitia mfukoni taratibu, kama anayeficha kisu.

Habari ilizunguka wodi kitanda kwa kitanda. Kila mtu akashushwa cheo.

"Kwa hiyo mimi si Nusu tena?" aliuliza Mama Nusu.

"Wewe ni Nusu Kasoro."

"Na wiki ya baraka?"

"Baraka za kuanguka chini hizo, mwenzangu."

Wakacheka, wengine huku wanafuta macho, kisha wakarudisha watoto vifuani, na chumba kikarudi kwenye usingizi wake wa joto.

Binti hakucheka. Alikaa kwenye benchi ya ukumbini, begi miguuni, mtoto mikononi, macho ukutani. Kilo alikaa upande wa pili wa benchi. Alitaka kumshika bega, akaogopa.

"Kwa ajili ya gramu ngapi?" binti alisema ghafla. "Sabini, Baba. Gramu sabini tu."

"Sitini ndizo anazodaiwa, mama. Mizani ndiyo iliyokosea sabini."

"Usinifundishe hesabu!"

"Sikufundishi."

Kisha Kilo akasema kwa sauti ndogo, kwa vile hicho ndicho kitu pekee alichokuwa nacho cha kumpa. "Kilo ni elfu. Elfu ya vitu vidogo. Kwangu mimi na kwako, sabini ni za kumwaga. Yeye hana za kumwaga. Kila moja ameinyonya kwa jasho."

Mtoto alipiga mwayo ambao ulikuwa mkubwa kuliko uso wake. Mtu alipita akisukuma toroli la mashuka, magurudumu yakilia, hadi sauti ikaishia kwenye kona.

"Angekuwa mtoto wa mtu mwingine," binti alisema, "ungesema?"

"Ningesema palepale."

"Na huyu?"

Kilo alitazama mikono yake. Angeweza kudanganya, na binti angemwamini, kwa kuwa hakuna mtu aliyewahi kumshika na uongo wa hata gramu moja.

"Huyu nilikaa kwanza," alisema. "Nilikaa kwenye kile kiti. Nilitaka nifunge sanduku twende zetu. Nilikuwa nakwenda kufunga, mama."

Binti akageuka, akamtazama kwa mara ya kwanza tangu mizani ya pili iletwe. Alimtazama kama mtu anayemwona baba yake amesimama mahali asipopajua.

"Ulitaka kuniibia?"

"Si wewe," alisema Kilo. "Nilitaka nimwibie yeye, nikupe wewe."

Binti akalia, si kwa hasira tena, akamwachia kichwa chake begani, na mzee akakaa wima kabisa asije akamsumbua. Kisha akajipangusa, akafungua vifungo vya blauzi, akamvua mtoto blanketi na kofia na soksi zile ndefu, akamlaza kifuani. Kilo akageuka kutazama ukuta. Nyuma yake alimsikia akinyanyuka, akiingia wodini, akifungua begi, akizirudisha nguo moja moja kwenye kabati la chuma.