Sufuria la Mjaka Nevi

Kikwajuni nzima ilijua kwamba Mjaka Duni hawezi kupika chakula kidogo. Mpe kibaba cha mchele, atakuuliza mwengine uko wapi. Wala si kwa kujionyesha, maskini. Mkono wake ndivyo ulivyokuwa, na vita ndivyo vilivyoufundisha hivyo.

Vita vya Pili vya Dunia vilipoanza, Mjaka alikuwa kijana aliyetoka Makunduchi na mkoba wa ukili na shuka moja, akapata kazi katika jiko la kambi ya wanamaji, kusini ya mji, upande wa Mbweni. Unguja siku zile ilikuwa kituo cha manowari. Meli zilikuja kuchukua maji, zikapakia ndizi na machungwa, zikawashusha mabaharia waliobabuka nyuso kwa jua hata mtu ukawaonea huruma. Boti ndogo za doria nazo zilitoka kila alfajiri kumtafuta adui, ndani yake Waingereza na vijana wa hapa hapa waliojiandikisha. Mjaka hakushika bunduki hata siku moja. Alishika upawa, na ukimsikiliza anavyohadithia utadhani adui alishindwa kwa maharage.

Sasa, ikatokea boti moja ya doria ikatoka isirudi. Siku zikapita, watu wakakata tamaa. Mkuu wa jiko, Mwingereza mmoja mwenye kitambi na sauti ya upole, akamwita Mjaka pembeni akamwambia apunguze chakula, kwani wale tena hawapo. Mjaka akasema, "Naam, bwana," akageuka, akatia sufuriani mchele ule ule wa kila siku. Jioni akaufunika, akakaa karibu yake akalia. Siku ya pili yake akafanya vivyo hivyo, na mkuu wa jiko alipouona wali umebaki aliurudishia kifuniko akaenda zake.

Kumbe boti iliharibika mashine, mkondo ukaichukua mpaka upande wa Pemba, na wavuvi wa huko ndio walioivuta. Jioni moja, wakati kambi inakula, vijana wakaingia mlangoni midomo imewapasuka kwa kiu, na chakula chao wakakikuta kinawasubiri, cha moto. Kambi ililipuka kwa vifijo! Mmoja wao, Msabah, alikula huku anacheka na kulia kwa pamoja, nusura wali umtoke puani. Mjaka alisimama na upawa wake akiwatazama tu, na furaha aliyoipata jioni ile hakuipata tena kwa miaka mingi.

Tangu hapo mkono wake ukagoma kupunguza. Na akajiwekea sharti jengine: mpishi hali mpaka wote wamekula.

Vita vikaisha, kambi ikafungwa, na Mjaka akapewa sufuria kubwa kuliko yote awe nalo. Lilifika Kikwajuni juu ya mkokoteni, watoto nyuma wanaimba. Siku hiyo hiyo sufuria likapewa jina la Manowari, na mwenyewe, kwa ile kazi yake ya wanamaji, akawa Mjaka Nevi. Harusi, hitima, maulidi, popote palipokuwa na watu wengi aliitwa yeye, na hakuna aliyewahi kuondoka kwake na njaa.

Isipokuwa mmoja, na huyo ni mkewe.

Bi Shemsa alikuwa mshona kofia wa Mpendae, mwanamke mcheshi, mtalaka. Mume wake wa kwanza alikuwa mtu wa wageni. Kila siku wageni, na yeye Shemsa akila mwisho, peke yake jikoni, chakula kimeshapoa. Kwa hiyo posa ya Mjaka ilipopelekwa, mwaka wa hamsini na tatu, alisema mambo ya mahari wayapange wazee, ila yeye ana neno lake moja.

"Nnataka kula na mume wangu. Sinia moja, chakula cha moto. Basi."

Mjaka alikubali kabla sentensi haijaisha. Alikuwa ameshapenda huyo. Angeambiwa apande mnazi kichwa chini angeuliza upi.

Alikubali kwa moyo mmoja, lakini mkono ukamsaliti. Kila alipopika, alipika kwa mtaa mzima. Na kwa kuwa amepika kwa mtaa, ilibidi agawe, na kwa kuwa mpishi hali mpaka wote wamekula, Shemsa akangoja hata akachoka. Akajaribu kulificha Manowari, lakini utalificha wapi sufuria linaloweza kuogeshewa mtoto? Akaazima kijungu kidogo kwa jirani yake, Biasha. Mjaka akakijaza kijungu, kisha akaenda kuazima vyengine vitatu.

Alhamisi moja Shemsa akasema, tena polepole, na upole huo ndio uliomtia Mjaka baridi.

"Kesho baada ya sala nnakula na wewe, au nnakwenda kula kwa mama yangu Mpendae. Na nikenda sirudi. Chagua mwenyewe."

Ijumaa Mjaka akatoka sokoni na kuku mmoja na mchele wa watu wawili. Akaapa moyoni. Lakini alipokuwa anachagua mchele wa pilau akakumbuka kwamba Biasha amejifungua juzi, hana wa kumpikia. Akaongeza kidogo. Kisha akamkumbuka mzee anayeadhini. Na je, Msabah akipita? Msabah siku hizi ni fundi baiskeli, kibanda chake pale pale kona. Zilipomalizika fikira hizo kuku walikuwa watatu na Manowari liko motoni.

Watu waliotoka msikitini walifuata harufu. Mjaka akasimama barazani, anapakua, anatania, sahani zinakuja, sahani zinaondoka. Ndani, Shemsa alikuwa ametandika mkeka, ameweka sinia na birika la kunawia. Alikaa. Akangoja. Mjaka akageuka mara moja kutazama ndani, akamwona mkewe amesimama, anatungua buibui msumarini.

Upawa ukabaki hewani, pilau inadondoka, na mtu mwenye sahani anangoja. Mjaka alitaka kwenda na miguu haikutaka. Mlolongo ulikuwa bado mrefu, na tokea vita alikuwa hajapata kukaa chini na mtu mmoja bado hajala.

Msabah, aliyekuwa karibu, alimtazama yeye, akautazama mlango, akaelewa. Akaunyakua upawa.

"Nenda kale, Nevi. Leo nnagawa mimi."

"Watu hawajesha, Msabah."

"Ulinipikia mimi nshahesabiwa maiti. Huyo yuko hai, yuko ndani, anakungoja, na wewe umesimama hapa! Nenda!"

Mjaka akaingia na sahani mikono miwili, moshi unafuka. Akaimimina pilau siniani, akanawa, akakaa kitako mkekani. Shemsa, buibui lake mkononi, akaja akakaa mbele yake.

Mjaka akatia tonge la kwanza kinywani. Akaacha kutafuna. Macho yakamtoka.

"Shemsa, pilau hii nimepika mimi?"

"Nani mwengine?"

"Wallahi tamu!"

Miaka yote ile alikuwa akionja chumvi tu, kisha anakula mabaki ya baridi. Hakuwahi kuila pilau yake ingali ya moto. Shemsa alicheka mpaka akashika mbavu, buibui likamwanguka, naye akalisukuma pembeni kwa mguu, akammegea mumewe paja la kuku.

"Nevi!" Msabah akapiga kelele kutoka barazani. "Sufuria linakwisha huku, na mimi sijala! Umebaki ukoko mtupu!"

"Huo wako!" Shemsa akamjibu, mdomo umejaa. "Leo anayekula mwisho ni wewe!"