Mbegu Ndani ya Ghala la Kanisa

Leo mjukuu wangu amefungua gunia la mtama wa mbegu, uliochanganywa na majivu usiliwe na wadudu. Harufu ile ikanirudisha ghalani kwa padri, kule kijijini Ndera.

Ghala lilikuwa la matofali, refu, na matundu yake ya hewa yalikuwa membamba nje, mapana ndani: upepo uingie, mwizi ashindwe. Mimi nilipita, mwembamba kama ufito. Mama alikosea akatoa mtama wa mbegu kama fungu la kumi, na kilichoingia mle hakirudi. Bila mbegu hatupandi.

Nikampitishia mama mbegu tunduni, konzi kwa konzi, akizikinga kwa kitenge. Kutoka, nikakwama: kichwa nje, mabega ndani, vumbi kooni.

“Mama, sitoki!”

“Toa pumzi. Usinililie hapa!”

Katekista, mwalimu wa dini, akatokea na funguo. “Wewe mama, unamwibia Mungu?”

“Nilimpa mbegu, mwalimu. Onja mwenyewe.”

Akalamba, akatema. “Mungu hali majivu,” akasema. Akafungua lango kubwa la mikokoteni, akanivuta miguu. Nikatoka langoni kifua mbele, kama bibi harusi.

Mtama ule tuliupanda wote. Ukaiva bila sisi; kabla ya mavuno tulikuwa tumeikimbia nchi.