Ukucha wa Mjomba Hamisi

Utotoni, kule Makote, juu uwandani, mpaka natimiza miaka tisa nilikuwa sijaiona bahari hata mara moja, lakini nilikuwa naichukia. Niliichukia kwa sababu ya Mzee Baharia, jirani yetu, aliyemaliza ujana wake kwenye meli za mizigo na kurudi huku juu akiwa na vidole vitatu tu mkono wa kushoto. Msimu wa korosho, watu wakikaa alasiri kutenganisha korosho na mabibo, yeye alikuja na kikombe chake, akajaziwa uraka, ile pombe ya mabibo, akaanza. Hakuwahi kusimulia kitu kizuri. Zilikuwa maiti zilizovimba, maiti zilizonasa kwenye mnyororo wa nanga, mpishi aliyekutwa na kaa mdomoni. Kisha yakaja mashairi yake, aliyoyatunga mwenyewe na kuyaghani macho kayafumba. Hili limenikaa kichwani mpaka leo, na ningekuwa na namna ya kulitoa ningelitoa:

Kaa huanza kwa macho, hula taratibu sana,
Pweza ataka kilicho, laini kukitafuna,
Papa huja bila kicho, mguu hung'oa bwana,
Mama nyumbani anena, mwanangu yuaja kesho.

Watu walicheka, wakatema mate, wakaomba lingine. Bibi yangu, Bibi Somoe, hakucheka. Mwanawe wa mwisho, mjomba Hamisi, alikuwa ameshuka Mtwara kutafuta kazi melini nikiwa bado nabebwa mgongoni. Zilikuja barua mbili, kisha kimya. Kwetu sisi Wamakonde mjomba si mtu wa kuonana naye Idi mpaka Idi. Watoto wa dada yake ni wake, na mimi nililelewa nikiambiwa kwamba mwenyewe nipo, ila mwenye mimi yuko baharini. Kila mchana Bibi alimpakulia chakula chake, akakifunika kwa kawa. Jioni tulipewa sisi watoto, na kesho yake akapakuliwa tena.

Na nyumba yetu haikupika papa. Wenzetu walinunua papa mkavu anayeletwa kutoka pwani kwenye magunia, sisi tulipita mbali. "Mwenye mtu baharini hali papa," Bibi alisema. "Yule anakula watu. Utajuaje umekula nini?"

Mama yangu aliichoka miiko hiyo, na nadhani aliichoka ile sahani zaidi. Siku moja Bibi alikwenda Newala mjini kuangaliwa macho. Mama akatoka, akarudi na kipande cha papa kwenye gazeti, akakiroweka, akakipika kwa korosho za kutwanga. "Mpaka arudi harufu itakuwa imekwisha," aliniambia. Anayemjua papa mkavu anajua huo ni uongo. Harufu yake huingia kwenye nywele, kwenye kanga, kwenye unga uliofunikwa. Lakini nilikuwa nimechoka na kisamvu, nikala kwa pupa.

Tonge la nne, jino likagonga kitu kigumu. Nikakitoa. Kilikuwa chembamba, cha manjano, kimepinda kidogo, upande mmoja kimekatika. Nilikuwa nacho kiganjani Bibi alipoingia. Daktari wa macho hakuwepo siku ile, akageuza na gari lile lile.

Alitazama sufuria, akamtazama mama, kisha akanitazama mimi.

"Nini hicho?"

"Sijui, Bibi. Kimetoka kwenye papa."

Alichuchumaa, akakisogeza karibu na jicho lake lililokuwa linaona vizuri. "Ukucha," alisema.

"Ni mwiba tu, mama," mama yangu akasema.

"Mwiba gani wa hivi? Kamwite Baharia. Yeye anawajua."

Mzee Baharia akaja, akakipokea kwa vidole vyake vitatu. Alikigeuza, akakinusa, akamtazama Bibi usoni kwa muda mrefu kuliko alivyokitazama chenyewe. Kisha akasema, "Ni ukucha, Bibi Somoe. Wa kidole gumba cha mguu."

Bibi hakupiga kelele. Alinishika mkono. "Fatu, umekula matonge mangapi?"

"Matatu. La nne ndilo hili."

"Basi mjomba wako yumo tumboni mwako, na hawezi kubaki humo."

Akachemsha maji, akatia chumvi kwa kiganja kizima, akanikalisha mbele ya beseni. Nikanywa, nikatapika. Nikanywa tena, nikatapika tena, mpaka nyongo. Nakumbuka vipande vya papa vikielea kwenye utelezi wa korosho, nakumbuka nzi, nakumbuka kwamba katikati ya kutapika nilijitahidi kupambanua kipi ni samaki na kipi ni mjomba. Mtoto wa miaka tisa hapaswi kupewa kazi hiyo. Mama alikuwa amesimama mlangoni akilia, na hakuthubutu kunisogelea.

Bibi alikiosha kile kitu mara tatu. Kilikuwa kiangazi, maji tunayafuata bondeni mwendo wa nusu siku, na alimaliza ndoo nzima. Akatandika kitambaa cheupe, akaweka ukucha katikati, akamimina mchuzi wote wa sufuria, kisha akamimina na matapishi yangu. Alimimina polepole, kwa adabu, huku akiwapungia nzi kwa kanga kama wafanyavyo kwa maiti. Kitambaa kikalowa, kikaanza kuchuruzika njano. Mwalimu wa madrasa aliitwa, akachungulia, akaziba pua kwa kilemba. Alisema yeye hazikii watu kitoweo, akaondoka. Mama ndiye aliyechimba, nyuma ya nyumba kwenye mpaka wa mihogo, na Mzee Baharia ndiye aliyesoma Fatiha. Tulikaa matanga siku tatu, na yeye alikula siku zote tatu.

Tangu hapo Bibi hakupakua tena ile sahani. Alikula mwenyewe, akanenepa kidogo, akaanza kwenda kwenye ngoma za wenzake. Mimi ndiye niliyebaki na yangu. Haukupita mwezi, Mzee Baharia alikuwa ametunga shairi jipya, la mtoto aliyemla mjomba wake na mchuzi wa korosho. Alilighani vijiji vyote ambako uraka hutolewa bure, na shuleni wakaniita Mla-mjomba mpaka namaliza darasa la saba.

Nilirudi likizo kutoka chuo cha ualimu nikamkuta barazani kwake, kazeeka, kikombe kiko pale pale.

"Shikamoo, mzee."

"Marahaba, Fatu."

Nilimuuliza bila kuzunguka, ule ukucha ulikuwa ukucha?

Alicheka mpaka akakohoa. "Ukucha wapi! Gegedu la pezi lile. Kila papa analo."

"Sasa kwa nini ulisema vile?"

"Bibi yako alikuwa ameshasema kabla yangu. Kila alasiri ananiuliza, eti mtu anaweza kukaa miaka minane bila kuandika na akawa hai? Kila alasiri, Fatu. Siku ile nilimwangalia nikaona anataka nikubali kwamba ni ukucha. Nikasema."

"Na shairi?"

"Shairi lilikuja lenyewe," alisema, akanywa.

Nilimchukia kuliko nilivyowahi kumchukia mtu. Alimuua mjomba wangu kwa neno moja, kisha akamfanyia biashara ya vikombe. Niliondoka nimeapa kwenda kumwambia Bibi yote. Nilimkuta anapakua chakula, sahani tatu, ya kwake, ya mama na ya kwangu, anaimba kidogo kidogo. Nikanawa mikono, nikala.

Papa sili mpaka leo. Nikisikia harufu yake sokoni Masasi nahama njia. Na sijui mjomba Hamisi yuko wapi. Huenda bahari ilimla kweli. Huenda ni babu wa watu mahali fulani, amekaa anakula vizuri, na hajui kwamba Makote ana kaburi lake, na waliomo mle ni samaki na tumbo langu. Nikilifikiria hilo kichefuchefu kinanipanda upya, kisha namkumbuka Bibi akiimba, na sijui nifanye nini na hayo mawili.

Bibi alifariki mwaka juzi. Usia wake ulikuwa mmoja, alazwe karibu na mwanawe. Vijana wa kuchimba walifika na majembe, na mmoja akaniita, kwa kuwa mama hakuweza kusimama.

"Dada, hapa pembeni pana kituta. Pana mtu?"

Mzee Baharia alikuwa ameshatangulia, mwalimu wa madrasa naye. Mama alikuwa amejiinamia. Aliyekuwa anajua na anayeweza kusema nilikuwa mimi peke yangu.

"Pana mtu," nikasema. "Mjomba wangu Hamisi. Sogeeni kidogo, msimguse."

Wakasogea.